Kabla ya kununua kompyuta nyingine, mpambanishe Kung Fu Man na Kung Fu Man

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kwenye ukurasa wako wa barua nizungumze na wasomaji wanaocheza gemu za kupigana zilizotengenezwa na mashabiki, hasa zile zinazoendeshwa na injini ya MUGEN, yaani programu ya bure ambayo mashabiki huijaza wahusika na viwanja vyao. Madukani na vijiweni kuna ushauri unaorudiwa sana: kompyuta mpakato isiyo na kadi ya grafiki ya peke yake haiziwezi gemu hizi, basi iuzwe inunuliwe nyingine. Ushauri huo unawapotezea vijana fedha. MUGEN ya kwanza ilitolewa na kundi la Elecbyte mwaka 1999 ikiwa ya DOS, na wahusika wengi wa miaka ile walichorwa kwa ajili ya skrini ya 320 kwa 240. Toleo la 1.0 lilikamilika mwaka 2011, na toleo la majaribio la 1.1 likafuata mwaka 2013. Grafiki za Intel HD 3000 za mwaka 2011 na HD 4000 za mwaka 2012, zilizomo ndani ya prosesa za ThinkPad, Latitude na EliteBook nyingi za mtumba zinazouzwa Kariakoo na Luthuli Avenue ya Nairobi, zinatosha kwa sehemu kubwa ya gemu hizo. Kinachozikwamisha kwa kawaida ni mipangilio, draiva (programu inayoiwezesha Windows kuitumia chipu ya grafiki), RAM (kumbukumbu ya kazi) iliyofungwa kipande kimoja, au uwanja mmoja uliojazwa picha kupita kiasi. Vyote hivyo vinapimika kabla ya kutoa shilingi.

Tuanze na dalili yenyewe, kwa sababu gemu hizi hazikwami kama nyingine. Saa ya MUGEN hupiga mara 60 kwa sekunde. Katika kila pigo injini husoma vitufe, hupitia msimbo wa kila mhusika, kisha huchora picha, na kazi yote hiyo ina milisekunde 16.7 tu. Gemu nyingi za sasa zikichelewa kuchora huruka picha kadhaa huku muda ukiendelea. Kwenye MUGEN muda wenyewe hupungua kasi: ngumi inakwenda kama iliyo ndani ya maji, saa ya raundi inahesabu polepole, lakini muziki unaendelea na mwendo wake wa kawaida. Ukiona hivyo, ujue kazi ya pigo moja imezidi milisekunde 16.7. Swali linalobaki ni nani aliyechelewa, prosesa au grafiki.

Jibu linapatikana kwa jaribio la dakika 5. Pata MUGEN safi ya toleo lilelile linalotumiwa na gemu yako, isiyoongezwa chochote. Ndani yake yumo mhusika wa mfano, Kung Fu Man, ambaye folda yake inaitwa kfm. Fungua faili la mugen.cfg lililo ndani ya folda ya data kwa Notepad, tafuta sehemu ya [Video], weka VRetrace = 0, hifadhi. Kisha fungua folda ya MUGEN, andika cmd kwenye upau wa anwani juu ya dirisha, bonyeza Enter, na kwenye dirisha jeusi litakalotokea andika mugen kfm kfm. Pambano litaanza moja kwa moja bila kupita menyu. Bonyeza Ctrl+D kuonyesha taarifa za ukaguzi, halafu Ctrl+S, ambayo huiachia injini ikimbie kwa kasi yote iliyo nayo. Kitufe kisipofanya kazi, angalia sehemu ya [Debug] kama AllowDebugMode ni 1.

Wapiganaji wakianza kukimbia kama mkanda uliopelekwa mbele, mashine yako ina akiba ya nguvu, na tatizo liko kwenye maudhui ya gemu uliyoletewa. Wakibaki kwenye mwendo uleule, au wakasuasua, tatizo liko kwenye kompyuta au mipangilio yake. Usiguse kitu kingine kabla ya kujua uko upande upi. Wengi huanza kufuta wahusika kumbe draiva haipo.

Na draiva ndiyo ya kwanza kukaguliwa kwa aliye upande wa kompyuta. Fungua Device Manager, tazama chini ya Display adapters. Kama pameandikwa Microsoft Basic Display Adapter, Windows haina draiva ya Intel, na OpenGL, njia ambayo gemu hutumia kuiagiza grafiki ichore, inayopatikana ni ya 1.1 inayochorwa na prosesa peke yake. Hapo hata Kung Fu Man atachechemea. Hali hii ni ya kawaida kwenye kompyuta za mtumba zilizowekewa Windows upya bila kumaliziwa. Ziunganishe na intaneti, ruhusu Windows Update ilete draiva, au chukua ile iliyotolewa na mtengenezaji wa kompyuta kwa modeli yako hasa. Kwa wanaotumia Linux, sakinisha mesa-utils, andika glxinfo -B na usome mstari wa renderer. Neno llvmpipe likionekana hapo, maana yake ni ileile: prosesa inachora, chipu ya grafiki imekaa bure.

Kisha rudi kwenye mugen.cfg, ila ifanyie nakala kwanza. Kwenye toleo la 1.0 na 1.1 jina la kuangalia ni RenderMode. Anza na OpenGL. Draiva ya Intel ikileta picha zilizochanika rangi au dirisha jeusi, jaribu DirectX. System iwe ya mwisho kabisa, kwa kuwa inamrudishia prosesa kazi ya kuchora. Anayetumia 1.1 yenye viwanja vinavyokuza na kupunguza mandhari wakati wa pambano akumbuke kwamba ukuzaji huo unahitaji OpenGL. Kwenye DirectX uwanja utaonekana lakini hautakuzwa.

VRetrace nayo inafaa kueleweka badala ya kuwashwa na kuzimwa kwa kubahatisha. Ikiwa 1, kila picha husubiri skrini imalize mzunguko wake. Kwenye skrini ya 60 Hz, yaani ya mizunguko 60 kwa sekunde, picha ikichelewa kwa milisekunde 1 tu inasubiri mzunguko unaofuata, na mwendo unaweza kushuka kutoka 60 hadi 30. Ndiyo maana kompyuta iliyo karibu kutosha huonekana dhaifu mno. Weka 0, uvumilie mchaniko mdogo wa picha unapoonekana. Kuna jambo lingine linalofichika kwenye kompyuta mpakato za Intel: draiva inaweza kushusha mzunguko wa skrini hadi 50 au 40 Hz umeme unapokatika, ili kuokoa betri. VRetrace ikiwa 1 kwenye skrini ya 40 Hz, gemu ya mapigo 60 haiwezi kwenda sawa hata ungekuwa na prosesa ya mwaka huu. Zima uokoaji huo kwenye mipangilio ya nishati ya Intel, na kwenye Windows chagua mpango wa High performance unapocheza. Kama mwendo ni mzuri ukiwa kwenye umeme na mbaya kwenye betri, usitafute sababu nyingine.

Joto linajitambulisha kwa muda. Gemu ikienda vizuri dakika 10 au 15 kisha ikaanza kulegea, na ukiipumzisha ikarudi, soma joto la prosesa kwa programu ya HWiNFO. Nyingi za prosesa hizi hujipunguza kasi zikikaribia nyuzi 100 za Selsiasi, na katika miji ya pwani hewa inayoingia kwenye feni tayari ni ya moto. Feni ifunguliwe, vumbi lililoganda kati ya feni na mapezi ya kupozea liondolewe, na dawa ya joto iliyokauka juu ya prosesa ibadilishwe. Kupuliza kwa nje bila kufungua mara nyingi husukuma vumbi ndani zaidi ya mapezi.

Sasa RAM, jambo ambalo wauzaji wengi hawalisemi na wanunuzi hawaulizi. Grafiki za ndani hazina kumbukumbu yao wenyewe. Zinakula chungu kimoja na prosesa. Kipande kimoja cha RAM ya aina ya DDR3 ya 1600 hupitisha data ya GB 12.8 kwa sekunde. Vipande viwili vinavyofanya kazi sambamba hupitisha 25.6. Fanyeni hesabu nami: picha ya 1280 kwa 720 ina piseli 921,600, na kila piseli ni baiti 4, yaani karibu MB 3.7 kwa tabaka moja linalojaza skrini. Tabaka lenye uwazi linasomwa lenyewe, linasomwa lililo chini yake, kisha matokeo yanaandikwa: mara 3. Kwa mapigo 60 hiyo ni kama MB 660 kila sekunde. Uwanja wenye matabaka 10 ya namna hiyo, ukungu, miale, mvua, moto, unakula GB 6.6, zaidi ya nusu ya njia ya kipande kimoja, na prosesa bado haijachukua chake. Ukishuka hadi 640 kwa 480 piseli ni 307,200, theluthi kamili, na mzigo unakuwa GB 2.2.

Kwa hiyo badala ya kununua kompyuta nyingine, kwanza fungua programu ya CPU-Z, nenda Memory, usome Channel. Ikiwa ni Single na kuna sloti tupu, kipande cha pili chenye ukubwa na kasi sawa ndicho ununuzi wenye faida kuliko wowote. GB 4 mbili ni bora kwa kazi hii kuliko GB 8 moja. Angalia aina kabla ya kulipa: mashine za prosesa za kizazi cha 2 na cha 3 hupokea DDR3 ya volti 1.5, na kwa kawaida DDR3L huzifaa pia. Zile za kizazi cha 4, kama EliteBook 840 G1, zinahitaji DDR3L ya volti 1.35. Ukichanganya, kompyuta inaweza kukataa kuwaka, na utadhani umeuziwa RAM mbovu. Ile namba ya kumbukumbu ya grafiki iliyomo kwenye BIOS (mipangilio ya msingi inayofunguliwa kompyuta inapowaka), MB 32 au 64 au 128, haina maajabu, kwa kuwa draiva huongeza yenyewe inapohitaji.

Tuje upande wa maudhui, ambako ndiko gemu nyingi za kuunganishwa huharibikia. Mkusanyaji amechukua wahusika 300 kutoka sehemu 50, akaweka fremu ya menyu ya 1280 kwa 720, akapima kwenye kompyuta yake yenye kadi kubwa, kisha akagawa. Kwenye mugen.cfg ya kifurushi kama hicho, sehemu ya [Config], badilisha GameWidth na GameHeight ziwe 640 na 480, au 640 na 360 kama menyu imechorwa kwa skrini pana. Toleo la 1.0 na 1.1 hupima upya vipimo kwa kutumia localcoord, yaani ukubwa wa skrini ambao picha zilichorewa, iliyomo kwenye mafaili ya menyu na wahusika, kwa hiyo picha haitakatika, itapungua ukali tu. Wahusika waliochorwa kwa 320 kwa 240 hawapotezi chochote.

Halafu DrawShadows = 0. Kivuli ni mhusika kuchorwa mara ya pili. AfterImageMax, idadi ya mikia ya picha inayowafuata wapiganaji wanapofanya pigo kubwa ambayo inaruhusiwa kwa wakati mmoja, iko 16, weka 8. Kila mkia humchora mpiganaji tena mara kadhaa kwa uwazi, na wakiwa wawili wamefanya pigo kuu pamoja ndipo skrini huganda. SpriteDecompressionBufferSize nayo huwa 16384. Picha za wahusika huhifadhiwa zimebanwa, na prosesa huzifungua zinapohitajika. Nafasi ikiwa ndogo, picha kubwa hufunguliwa, hutupwa, hufunguliwa tena. Ukiona gemu inashtuka mara moja kila pigo kubwa linapoanza kisha inakwenda sawa, panda hadi 32768, ujaribu, kisha 65536. Usiende mbali zaidi ya hapo kwa kubahatisha, kwa sababu nafasi kubwa mno inaweza kurudisha mwendo nyuma. Sauti ikikwaruza wakati wa msongamano, SampleRate ya 22050 kwenye [Sound] humpunguzia prosesa kazi.

HelperMax msiiguse. Ni kweli wasaidizi wasioonekana ambao msimbo wa mhusika huwaita ndio mzigo mkubwa wa prosesa, lakini mhusika aliyeandikwa kutegemea wasaidizi 20 akinyimwa nafasi ataacha kufanya mapigo yake, au atabaki amesimama hewani. Dawa ni kumtambua mhusika mzito. Mrudishe Kung Fu Man upande mmoja, mlete mtuhumiwa upande wa pili, kwenye uwanja mwepesi, mmoja baada ya mwingine. Prosesa ndogo za Celeron zenye kasi ya chini kwa kiini kimoja ndizo huumia hapa zaidi, kwa sababu MUGEN hutegemea kiini kimoja; viini 4 dhaifu havisaidiani. Pambano la Simul, ambalo watu 4 hupigana kwa pamoja, huzidisha yote haya maradufu, hivyo kwenye mashine hizo bakini na Single (mmoja kwa mmoja) au Turns (kwa zamu).

Uwanja mzito unatibika kwa mkono. Fungua faili lake la .def, tafuta vifungu vya [BG] vyenye trans = add, na utangulize nukta mkato mwanzoni mwa kila mstari wa kifungu kimoja ili injini isikisome. Jaribu, kisha kingine. Kama kuna kidhibiti cha BGCtrl kinachotaja ID ya tabaka hilo, nacho kifungwe hivyohivyo. Kwenye [Reflection], intensity = 0 huondoa taswira ya wapiganaji sakafuni, ambayo nayo ni uchoraji wa ziada. Kuondoa matabaka mawili au matatu ya ukungu mara nyingi kunatosha, na uwanja unabaki mzuri.

Kuna tiba moja mbaya inayosambaa na naomba iachwe. Baadhi ya wakusanyaji huweka GameSpeed 70 au 80 badala ya 60 ili kuficha uzito. Kwenye uwanja mzito haileti kitu, kwa kuwa mashine ilishashindwa 60. Kwenye uwanja mwepesi wapiganaji wanaruka kama nzige na muda wa kuunganisha mapigo unaharibika kwa kila aliyejifunza kwa mwendo sahihi. Rudisheni 60.

Gemu za zamani zaidi, zile za WinMUGEN, zina ugonjwa wa peke yao. Zinatumia DirectDraw, njia ya kale ya Windows ya kuchora picha, na rangi za biti 16, ambazo kuanzia Windows 8 hazihudumiwi kama zamani bali huigizwa, na uigizaji huo ndio unaozifanya ziwe nzito kwenye kompyuta ya 2015 kuliko ya 2005. Chukua cnc-ddraw, ambayo ni bure, weka ddraw.dll na faili lake la mipangilio kando ya exe ya gemu, na DirectDraw itapelekwa kwenye Direct3D 9 au OpenGL ambazo Intel inazimudu. dgVoodoo2 hufanya kazi inayofanana. Jaribuni hivyo kabla ya kuwahamishia wahusika kwenye 1.0, kwa sababu wa zamani wengine hubadilika tabia wakihamishwa.

Mipangilio ikikataa kushika, angalia gemu iko wapi. Ndani ya Program Files, Windows inaweza kuyahifadhi mabadiliko yako kwenye folda ya pembeni iitwayo VirtualStore, ukawa unahariri faili moja na injini inasoma jingine. Iweke kwenye folda fupi kama C:\mugen. Gemu inayofunga yenyewe wakati wa kupakia wahusika wakubwa huenda imegonga ukuta wa GB 2 wa programu za biti 32. Programu ndogo ya NTCore ya 4GB Patch huusogeza hadi GB 4 kwenye Windows ya biti 64, ila tunza nakala ya exe ya awali. Kuchelewa kuwaka ni jambo jingine: injini hupitia mafaili ya kila mhusika kutafuta picha yake ya menyu, na kwenye diski ya kuzunguka wahusika 300 ni dakika. SSD inaponya hilo, lakini haitaongeza kasi ya pambano. Kipimeni kifurushi kwa antivairasi kwanza, hasa kilichokuja kwa flashi, na baada ya hapo ndipo folda yake iondolewe kwenye ukaguzi wa papo kwa papo.

Ikemen GO, injini huria inayosoma sehemu kubwa ya maudhui ya MUGEN, ni njia nzuri kwa watumiaji wa Linux kwa kuwa haihitaji Wine, programu ya kuendeshea programu za Windows kwenye Linux. Iwekewe MSAA (ulainishaji wa kingo za picha) na shaders (vichujio vya picha) zikiwa zimezimwa, na GameWidth ya chini kama nilivyoeleza. Haitawaka kwenye chipu za kale kama GMA 950, ambazo OpenGL yake kwenye Windows inaishia 1.4, hizo ziachieni WinMUGEN.

Nina maombi mawili, Mhariri. Wauza kompyuta waandike kwenye karatasi ya bei kama RAM ni kipande kimoja au viwili, si jumla ya GB peke yake. Na wanaokusanya na kugawa vifurushi waweke ndani yake faili la maandishi linalotaja toleo la injini, ukubwa wa skrini waliotumia na wahusika wanaojua ni wazito, tena wamwache Kung Fu Man kwenye folda ya chars. Wengi humfuta ili kuokoa nafasi ndogo sana, na bila yeye anayepokea kifurushi hana cha kupimia.

Fundi wa kompyuta,
Dar es Salaam